Kuitungia Nchi ya Kubuni Kalenda Yake: Ushauri kwa Watunzi, kwa Mfano wa Unguja

Hamu ya kutunga hadithi za nchi zisizokuwamo katika ramani imeenea sana miongoni mwa vijana wetu wanaoandika, na pamoja na hamu hiyo imekuja nyingine iliyo njema vilevile, nayo ni ya kuipa kila nchi ya kubuni kalenda yake yenyewe, yenye miezi, siku na sikukuu zisizofanana na za nchi nyingine yoyote. Hamu hii yastahili kuungwa mkono, kwani msomaji huiamini nchi ya kubuni pale anapoona kuwa watu wake wana jana wanayoikumbuka na kesho wanayoingoja. Marehemu Shaaban Robert alipotupa Kusadikika mwaka 1951, aliipa nchi ile ya angani mfalme, mawaziri, baraza na sheria, na ndiyo maana hata leo twaizungumza kana kwamba tulipata kukaa humo. Anayetaka kuifuata njia hiyo hana budi kujua kwamba hesabu ya siku ni sheria mojawapo ya nchi, tena ni sheria inayomgusa kila mtu, hata yule asiyepata kufika barazani kwa mfalme.

Wengi wanaoanza kazi hii, hata hivyo, huianzia mkiani. Huketi na karatasi wakachagua hesabu iliyo sawasawa, tuseme miezi kumi ya siku thelathini thelathini, wakaipa majina ya kupendeza, wakachora jedwali, kisha wakaliweka jedwali hilo mwanzoni mwa kitabu, ambapo msomaji hulipita bila kulitazama. Shauri langu ni jingine: kalenda isianzie katika hesabu, ianzie katika haja. Uliza kwanza ni nani katika nchi hiyo anayehitaji kuijua siku, na anaihitaji kwa kazi gani. Na ukisha kuwapata watu hao, mpe kila mmoja hesabu inayomfaa, hata kama hesabu hizo hazipatani. Na kwa kuwa mfano hufundisha kuliko maneno matupu, nitauchukua mfano wangu Unguja, kisiwa ambacho watu wake wameishi kwa hesabu kadhaa kwa wakati mmoja tangu zama za mababu, wala hawakupotea.

Tuwatazame basi watu hao. Mwenye ibada anahitaji kuujua mwezi mwandamo, ili afunge Ramadhani kwa wakati wake na asome Maulidi katika Mfunguo Sita. Nahodha wa jahazi anahitaji kuujua upepo, kwani kaskazi, inayovuma takriban toka Disemba hata Machi, ndiyo iliyokuwa ikivileta vyombo vya Arabuni, Ghuba na Bara Hindi katika bandari ya Mji Mkongwe, vikiwa na tende, chumvi, samaki wakavu na mazulia, na kusi, inayoshika nguvu baada ya masika, ndiyo iliyovirudisha kwao vikiwa vimesheheni karafuu na boriti. Mkulima anahitaji kuijua mvua, ya masika na ya vuli, na kipupwe kinachofuata masika. Mvuvi na mwanamke wa Paje au Jambiani anayelima mwani, kazi iliyoanza huko kwa biashara mwaka 1989, wanahitaji kuyajua maji: lini bamvua, ambapo bahari hupwa mbali na kuacha wazi mashamba ya mwani, na lini maji mafu, ambapo hakuna la kufanya huko chini. Na karani wa serikali anahitaji tarehe ya Miladi, ili mishahara ilipwe na shule zifunguliwe kwa siku moja kisiwani kote.

Hapana hesabu moja iwezayo kuwatumikia hawa wote, na hapo ndipo palipo na faida kubwa kwa mtunzi. Ukipita madukani Darajani utaziona kalenda za ukutani zenye tarehe mbili kwa kila siku, ya Miladi na ya Hijria, na mwenye duka huzisoma zote mbili bila taabu, kwa kuwa anajua ipi ni ya deni la benki na ipi ni ya futari. Vivyo hivyo nchi yako ya kubuni isiwe na kalenda moja tu. Iwe na mbili angalau, moja ya watawala na moja ya watu, au moja ya nchi kavu na moja ya bahari, na wahusika wako wajulikane kwa ile wanayoitaja kwanza wanapoulizwa leo ni siku gani.

Ukisha kuwajua watu, ndipo uangalie juu mbinguni, na hapo hesabu huwa na mahala pake. Mwezi wetu huandama kila baada ya siku ishirini na tisa na nusu na ushei, kwa hiyo miezi kumi na miwili ni siku 354, na mara nyingine 355, ilhali jua huzunguka kwa siku 365 na robo kasoro kidogo. Tofauti ni siku kumi na moja hivi kila mwaka, na tofauti hiyo ndiyo inayoifanya Ramadhani itembee katika misimu yote na kurudi ilikotoka baada ya miaka kama thelathini na mitatu. Ramadhani ya mwaka 1992 ilianza Machi, na ya mwaka 2025 ikaanza Machi tena. Aliyefunga ile ya kwanza akiwa kijana, akisikia ngurumo za masika zikikaribia wakati wa kufuturu, ameifunga ya pili akiwa mtu mzima mwenye wajukuu, katika joto na mawingu yaleyale. Umri wa mtu hupimika kwa mizunguko ya namna hiyo kuliko unavyopimika kwa miaka iliyoandikwa katika cheti.

Sasa jaribu kufanya hayo katika nchi yako. Tuseme mwezi wake huandama kila siku 32, na jua lake hurudi kila siku 380. Miezi kumi na miwili itakuwa siku 384, yaani mwaka wa mwezi utauzidi mwaka wa jua kwa siku nne. Basi sikukuu za mwezi zitakuwa zikichelewa siku nne kila mwaka, na zitarudi katika msimu wake wa asili baada ya miaka 95. Maana yake ni kwamba karibu hakuna mtu atakayeishi kuiona sikukuu ya mavuno ikirudi katika mavuno zaidi ya mara moja, na wengi watakufa bila ya kuiona kabisa. Tazama jinsi hesabu ndogo ilivyozaa jambo kubwa: nchi nzima inayosherehekea mavuno wakati wa njaa, na kizazi kimoja kinachojua kwamba hicho ndicho kilichobahatika. Kwa hiyo usizilazimishe namba zako zigawanyike sawasawa. Mabaki yake ndiyo yatakayokulisha hadithi.

Jambo la tatu ni vigawanyo vidogo, nacho ni kipengele ambacho watunzi wengi hukosea kwa kutaka upya kupita kiasi. Watu wa pwani hii, pamoja na juma la siku saba linaloanza Jumamosi na kukoma Ijumaa, walikuwa na hesabu nyingine ya miongo, yaani vikumi vya siku, iliyohesabiwa toka siku ya Nairuzi, yaani siku ya kwanza ya mwaka: miongo thelathini na sita, ambayo ni siku 360, na siku tano zinazobaki zikautimiza mwaka. Kwa miongo hiyo mabaharia na wakulima walijua lini chombo kishushwe majini na lini jembe liingie shambani. Miongo na juma viliishi pamoja bila kugombana, kwa sababu mwongo ulikuwa wa kazi za msimu na juma lilikuwa la ibada na mapumziko, wala hapana aliyesema kimoja kiue kingine. Linganisha na yaliyotokea Ufaransa baada ya mapinduzi yao: mwaka 1793 watawala waliliondoa juma la siku saba na kuweka kumi mahala pake, miezi ikawa ya siku thelathini na siku chache za ziada zikawekwa mwishoni, lakini mfanyakazi aliyekuwa akipumzika siku moja katika saba akajikuta apumzike moja katika kumi, na mwenye kanisa lake akapoteza Jumapili yake, na mpango huo wote ukafutwa mwanzoni mwa mwaka 1806. Hesabu zilikuwa karibu sawa na za mabaharia wetu. Khitilafu ilikuwa katika kuwanyang'anya watu mapumziko na ibada. Ukitaka mtawala katili katika hadithi yako, si lazima umfanye amwage damu. Mpe tu amri ya kuifuta siku ya mapumziko, na msomaji atamchukia barabara.

Nne, amua siku huanzia wapi. Katika hesabu yetu ya asili siku huanza jua linapokuchwa, ndiyo maana usiku wa Ijumaa ni ule unaokuja baada ya magharibi ya Alhamisi. Mgeni aliyezoea kuanza siku usiku wa manane, akialikwa karamuni usiku wa Ijumaa, huenda akaja wakati vyombo vimekwisha kuoshwa na wenyeji wamelala. Mtunzi mwerevu aweza kujenga sura nzima juu ya kosa hilo: mjumbe wa amani aliyechelewa siku moja kwa sababu nchi mbili haziianzi siku kwa wakati mmoja. Saa nazo zina mafunzo yake. Twasema saa moja ya asubuhi baada ya jua kuchomoza, na saa hiyo yatufaa mwaka mzima kwa kuwa Unguja i kusini ya ikweta kwa daraja sita tu, na tofauti ya mchana mrefu kabisa na mfupi kabisa haifiki saa moja. Lakini ukiiweka nchi yako mbali na ikweta, ambako mchana wa kipupwe ni mfupi mno na wa kiangazi hauishi, saa za namna hii zitayumba, na watu wako watahitaji kipimo kingine, kama vile maji yanayodondoka, mshumaa unaoungua, au wito wa ibada. Usiazime saa za Unguja kuzipeleka katika nchi ya theluji.

Tano, mwaka mpya usiwe tarehe tu, uwe na tendo. Kule Makunduchi, kusini mwa kisiwa, Mwaka Kogwa huadhimishwa siku hizi mwezi wa Julai. Wavyele, yaani wazee wa mila, ndio huongoza; wanaume hupigana kwa migomba ili kinyongo cha mwaka uliopita kimalizike hadharani; kibanda cha makuti hutiwa moto; wanawake wakaimba wakiwa wamevaa vizuri; watu wakaenda kukoga pwani; na kila nyumba ikatamani kupata mgeni wa kula naye, kwani kula peke yako siku hiyo hakuonekani kuwa ni jambo la heri. Kila tendo hapo lina kazi yake: ugomvi hulipwa, uchafu huoshwa, ya kale huunguzwa, na ujirani hufungwa upya. Ukiwatungia watu wako mwaka mpya, usianze kwa kuuliza watavaa nini, bali uliza wanataka kuondokana na nini, kisha uwatafutie tendo la kukiondoa.

Tena tazama fumbo lililomo katika siku hiyohiyo, ambayo ndiyo Nairuzi. Mwaka wa Nairuzi, uliotufikia kwa njia ya Waajemi, ni wa siku 365 kamili, hauna siku ya kuongeza kila baada ya miaka minne. Kwa hiyo hurudi nyuma siku moja kila miaka minne ukilinganishwa na Miladi. Mwishoni mwa karne ya kumi na tisa siku ya mwaka ilikuwa ikiangukia Agosti, na kwa mwendo huo huchukua kiasi cha miaka 1,500 kuzunguka misimu yote. Hili ni tunu kwa mtunzi wa nchi yenye historia ndefu. Yumkini nchi yako ina sikukuu iitwayo ya mvua ya kwanza, lakini sasa huangukia katika kiangazi kikavu, na watoto huuliza kwa nini babu zao humwagia maji ardhi iliyopasuka. Jibu lake li katika robo ya siku iliyosahauliwa na waliotangulia, na msomaji aliyelipata mwenyewe atahisi kwamba nchi hiyo ilikuwako kabla ya ukurasa wa kwanza.

Sita, achia nafasi ya kutojua. Hesabu za falaki zaweza kutuambia mwezi utazaliwa saa ngapi, lakini mwezi wa ibada kwa wengi ni ule ulioonekana kwa jicho, na jicho huzuiwa na mawingu. Kwa hiyo kila mwaka, mwisho wa Ramadhani, mama wa nyumba hununua vya sikukuu bila kujua kama atavipika kesho au keshokutwa, fundi wa nguo hukesha na cherehani, na watoto hupanda juu ya nyumba kuangalia magharibi, huku watu wakingoja tangazo la mwandamo. Wako wanaofuata mwandamo wa hapa, na wako wanaofuata uliothibiti kwingine, na huweza jamaa wa ukoo mmoja wakasali Idi kwa siku mbili mbalimbali na bado wakapelekeana sahani. Kalenda ya kubuni isiyo na wasiwasi wowote ni kalenda isiyo na watu. Amua ni nani mwenye mamlaka ya kutangaza siku, ni kwa ushahidi gani, na ni nini hutokea pakiwapo wasioafiki.

Saba, wape watu wako nyota au alama wanayoweza kuisoma bila kitabu. Wazee wa pwani walikitazama kilimia, wakasema kuwa kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, na kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Katika neno hilo moja mkulima amepewa almanaka nzima asiyohitaji kuinunua. Tunga misemo ya namna hiyo, miwili au mitatu, uwatie wahusika vinywani, nayo itafanya kazi kuliko kurasa kumi za maelezo. Jedwali lako la miezi libaki katika daftari lako. Na likibidi lichapwe, lichapwe mwisho wa kitabu kwa wale wenye kulipenda. J. R. R. Tolkien alifanya hivyo: aliwapa wahobiti, watu wake wa kubuni, miezi kumi na miwili ya siku thelathini, na siku tano zilizo nje ya miezi, akayaweka maelezo hayo katika nyongeza mwisho wa kitabu chake kilichotoka mwaka 1954 na 1955, na aliyesoma hadithi tu hakukosa kitu.

Kuhusu hesabu ya miaka nitasema machache. Nchi huwa na mwanzo rasmi wa kuhesabia, kama Hijra ya mwaka 622 wa Miladi ilivyo kwa Waislamu. Lakini watu nyumbani huhesabu kwa yaliyowapata. Kimbunga cha Aprili 1872, kilichong'oa mikarafuu ya Unguja na kuvunja vyombo bandarini, kilikuwa kwa waliokiona kigezo cha kusema huyu alizaliwa kabla na yule baada, kama vile Mapinduzi ya Januari 1964 yalivyo kwa wazee wa leo. Basi ipe nchi yako namba za miaka kwa ajili ya makarani, na uipe msiba mmoja au furaha moja kubwa kwa ajili ya mabibi.

Nina onyo moja, nalo nalisema kwa moyo mzito kwa kuwa nimeona likipuuzwa. Usiichukue kalenda ya Unguja nzimanzima, ukabadili majina na kuiita ya kwako. Ibada za watu na mila za Makunduchi si mapambo ya kuazimwa. Zina wenyewe wanaozitunza na kuzienzi. Chukua kanuni, uache nguo: chukua namna haja inavyozaa hesabu, namna hesabu mbili zinavyokaa nyumba moja, namna mabaki ya namba yanavyozaa historia. Na kama hujapata kukaa na mzee wa bahari au mkulima akakusimulia misimu anavyoijua, nenda ukakae naye kabla hujaandika, umsikilize kwa adabu, umwulize anajuaje kwamba upepo umegeuka. Maarifa haya yanaondoka na wenyewe, na mtunzi anayeyauliza kwa ajili ya hadithi huenda akawa ndiye wa mwisho kuyauliza.

Ukisha kumaliza yote hayo, ijaribu kazi yako kwa njia hii. Chagua siku moja tu ya mwaka wako, si sikukuu, bali siku ya kawaida kabisa, na uandike kurasa mbili juu yake. Mweke mvuvi, mwalimu, mfanyabiashara na mtoto. Kila mmoja aulizwe leo ni siku gani, na kila mmoja ajibu kwa hesabu yake, kwa sababu yake. Ikiwa majibu yote manne ni mamoja, rudi mwanzo, kwani umetunga jedwali. Ikiwa ni manne na yote ni ya kweli, endelea na sura ya pili.